Umeshika Nini Mkononi, Kijana wa Magadi?

Ndugu zangu wa Magadi, wa Olkiramatian na Shompole, wa Kajiado mjini na Isinya, nanyi wa Kitengela mnaosoma karatasi hii ndani ya matatu iliyokwama kwenye foleni ya barabara ya Namanga: nina neno moja kifuani na sitalizungusha. Mkono mwepesi ni amana. Mungu hakumpa mtu kipaji ili apigiwe makofi, azeeke nacho, azikwe nacho. Aliyepewa mkono amepewa kwa ajili ya mwenye kidonda, na iko siku ataulizwa hesabu yake.

Somo letu ni Kutoka, sura ya 4. Musa yuko nyikani akichunga mifugo ya mkwewe, katika nchi kavu kama hii yetu ya kushukia Nguruman. Anatumwa kwa Farao, naye anatoa udhuru juu ya udhuru: hawatamwamini, ulimi wake ni mzito, atafutwe mwingine. Mungu hamuulizi vyeti. Anamuuliza ameshika nini mkononi. Musa anatazama, anaona fimbo. Ni fimbo ya kuchungia tu, yenye jasho lake na vumbi la mbuzi, na fimbo hiyo hiyo ndiyo iliyonyooshwa juu ya bahari. Sijui kama kuna watu duniani wanaoweza kulielewa swali lile upesi kuliko sisi, ambao mtoto wetu hushika fimbo miaka mingi kabla hajashika kalamu.

Leo nawaletea watu wawili walioulizwa swali hilo wakiwa wameshika kibao cha kriketi.

Msiniambie kriketi haituhusu. Nchi hii hii, mwaka 2003, ilifika nusu fainali ya Kombe la Dunia, na akina Steve Tikolo, Thomas Odoyo na Collins Obuya wakawafanya watu wa mbali waitafute Kenya kwenye ramani. Na ndugu zetu wa Laikipia, wamorani wa kule Il Polei, walipofundishwa mchezo huu na mtafiti mmoja mama kutoka Afrika Kusini, waliucheza wakiwa na shuka na shanga zao, wakafika Cape Town, wakafika London, kisha wakarudi nyumbani wakasimama mbele ya wazee kuwaomba waache kuwakeketa dada zao. Tangu nilipoisikia habari hiyo naupenda mchezo huu, maana nimeuona ukibebeshwa mzigo unaostahili kubebwa.

Sasa twende London, uwanja wa Oval, tarehe 29 Agosti 1882. Uingereza inacheza na Australia. Imebakiza mikimbio 85 tu ili ishinde, na kila mtu uwanjani anaona kazi imekwisha. Lakini yuko Mwaustralia mmoja, Frederick Spofforth, mrushaji mwenye hasira ya simba, na siku ile anaangusha vijiti mfululizo. Waingereza wanaingia mmoja mmoja na kutoka mmoja mmoja. Aliyepata mikimbio mingi kuliko wenzake ni jitu lenye ndevu nyeusi linaloitwa W. G. Grace: mikimbio 32. Wa mwisho mwisho kuingia ni kijana wa miaka 21, Charles Studd, aliyekuwa amewapiga Waaustralia hao hao vibaya mapema mwaka ule. Kijana hakurushiwa hata mpira mmoja. Alisimama upande wa pili na kibao chake, akamtazama mwenzake akiangushwa, na Uingereza ikashindwa kwa mikimbio 7. Kutokana na aibu ya siku hiyo ndipo lilipotoka jina la mashindano ya Ashes ambayo nchi hizo mbili hushindania hadi leo.

Dunia inakumbuka matokeo. Mimi nakumbuka kikosi. Kati ya watu 11 walioshindwa siku ile, mmoja alikuwa daktari wa maskini wa Bristol, na mwingine kaburi lake liko hapa Afrika, Ibambi, katika misitu ya kaskazini mashariki mwa Kongo.

Nianze na daktari. William Gilbert Grace alizaliwa tarehe 18 Julai 1848 katika kijiji cha Downend, karibu na Bristol. Baba yake alikuwa daktari wa kijijini, na kaka zake wakubwa watatu nao wakawa madaktari. Nyumbani kwao mama, Martha Grace, aliujua mchezo kama wanaume walivyoujua, na chini ya miti ya matunda nyuma ya nyumba watoto wote walifundishwa kupiga na kudaka. William akawa mchezaji ambaye hakuwahi kuonekana mfano wake. Alicheza misimu 44 katika daraja la kwanza, akakusanya mikimbio zaidi ya 54,000. Akiwa na miaka 46, umri ambao wengine wamestaafu na kuvimba magoti, alipata mikimbio 1,000 katika mwezi mmoja wa Mei. Umati ulilipa kiingilio kikubwa zaidi siku alizocheza yeye.

Na mtu huyo, mwenye utukufu wote huo, aliingia chuo cha udaktari mwaka 1868 na akahitimu mwaka 1879. Hesabuni wenyewe: miaka 11! Mchezo ulimvuta huku, vitabu vikamvuta kule. Alioa, akazaa, akasafiri hadi Amerika na Australia na kibao chake, na kila aliporudi alirudi darasani. Baba yake alifariki mwaka 1871 bila kumwona akihitimu. Kijana wangu uliyerudia mtihani ukaona haya hata kupita njia ya sokoni, simama hapa kidogo. Mtu mashuhuri kuliko wote katika nchi tajiri kuliko zote za wakati wake alichukua miaka 11 kuupata udaktari, na hakuuacha.

Alifungua zahanati yake Easton, mtaa wa watu wa kazi za mikono ndani ya Bristol, akawa pia daktari wa parokia, maana yake yule anayeitwa na wasio na senti. Majira ya kiangazi alipokwenda kucheza, aliajiri daktari mwingine amshikie zamu. Alijulikana kwa kusahau kudai pesa kwa watu aliowaona hawana. Agosti 1885 alikesha usiku kucha kando ya kitanda cha mgonjwa, kulipokucha akaenda uwanjani Clifton, na katika mchezo huo akapiga mikimbio 221 bila kuangushwa. Wachezaji husimulia zile 221. Mimi nataka kuwahubiria ule usiku.

Lakini hebu tukae Manchester, mwaka 1887. Uwanja ni Old Trafford. Timu ya Grace, Gloucestershire, iko uwanjani inadaka. Mpira unakimbilia mpakani, na mchezaji mwenzake Arthur Croome anaufukuza kwa nguvu zake zote. Hakuweza kujizuia. Akaangukia uzio wa vyuma vyenye ncha, na ncha moja ikamwingia kooni. Fikirini kishindo cha watu maelfu kinavyokatika ghafla. Grace anakimbia, na mtu yule alikuwa na mwili mzito. Anapiga magoti. Anaona koo limechanika, anaona damu, na hana sindano wala uzi. Vidole vyake vinene, vile vile vilivyokuwa vimeshika kibao tangu utotoni, vinaibana midomo ya kidonda. Mtu anatumwa mbio kutafuta sindano ya kushonea. Dakika tano zinapita. Dakika kumi. Mkono usipotulia, mgonjwa anakufa. Karibu nusu saa nzima Grace aliushikilia mwili wa rafiki yake usifunguke, mpaka sindano ikaja na kidonda kikashonwa. Croome akapona. Akaishi zaidi ya miaka 40 baadaye, akawa mwandishi wa magazeti.

Nusu saa! Jaribuni nyumbani: bana vidole vyako viwili kwa dakika tano tu bila kuvitikisa, uone vitakavyoanza kutetemeka. Mikono ile ilipata wapi nguvu ya kutulia hivyo? Iliipata uwanjani, katika maelfu ya saa za kungoja mpira kwa jicho lisilopepesa. Na ujuzi wa kujua mahali pa kubana iliupata wapi? Darasani, katika ile miaka 11. Lau angekuwa mchezaji peke yake, angelia tu na wenzake. Na lau angekuwa daktari wa ofisini peke yake, hangekuwa pale uwanjani. Mungu aliisuka mikono miwili kuwa mmoja, akaiweka mahali palipohitajiwa saa ile ile ilipohitajiwa. Haleluya!

Simwiti Grace mtakatifu. Alipenda kushinda kupita kiasi. Katika mchezo ule ule wa Oval wa 1882 alimtoa kijana mmoja wa Australia, Sammy Jones, aliyekuwa ameacha mstari wake kwenda kusawazisha ardhi akidhani mpira umesimama, na watu wengi wanasema hasira ya Spofforth ilichemka kwa jambo hilo. Alijiita mchezaji asiyelipwa huku akichuma pesa nyingi kuliko waliolipwa. Nayasema haya kwa sababu kuna mtu hapa anayengoja awe msafi kwanza ndipo ainue mkono kusaidia. Musa naye alikuwa ameua mtu. Njoo ulivyo, lakini njoo na kilicho mkononi.

Wala udaktari haukumkinga na msiba. Mdogo wake Fred alikufa mwaka 1880 akiwa na miaka 29, wiki mbili tu baada ya yeye, William na kaka yao mmoja kuichezea Uingereza pamoja. Binti yake Bessie alikufa kwa homa ya matumbo mwaka 1899, ana miaka 20. Kijana wake aliyeitwa kwa jina lake alikufa mwaka 1905 kwa ugonjwa wa kidole tumbo. Homa ya matumbo na kidole tumbo! Magonjwa ambayo leo dawa za antibiotiki na upasuaji wa saa moja huyamaliza, mahali penye dawa na penye mpasuaji. Nyumba ya daktari ilizika watoto kwa maradhi ambayo huku kwetu bado yanaua watu, na tofauti ni kwamba wao walizika kwa kuwa elimu ilikuwa haijafika, sisi tunazika elimu ikiwa Nairobi.

Sasa nije kwa yule kijana wa 1882, maana ndiye aliyekuja kwetu.

Charles Thomas Studd alizaliwa kwenye utajiri, akasoma Eton na Cambridge, akawa nahodha wa Cambridge mwaka 1883. Kaka yake George alikuwa nahodha kabla yake na kaka yake Kynaston baada yake, ndugu watatu kwa miaka mitatu mfululizo. Kisha George akaugua akawa kufani, na Charles, akiwa ameketi kando ya kitanda kile, akajiuliza umaarufu wote ule unamfaa nini mtu anayekata roho. Mwaka 1885 akaiacha kriketi akiwa kileleni, akapanda meli kwenda China na wenzake sita. Huko yeye na mkewe Priscilla walifungua makimbilio ya watu waliofungwa na afyuni, wakawapokea kwa mamia, wakakesha nao hadi sumu ilipowatoka. Wachungaji wenzangu wa Kitengela, mnaowaona vijana wetu wamelala mitaroni kwa pombe haramu na bangi, mlango wa kanisa lenu ukoje usiku wa Jumatatu?

Alirithi kwa baba yake pauni 29,000, mali ya kutisha kwa siku zile, na akaigawa kwa kazi za Mungu na za maskini. Alibakiza pauni 3,400, akampa mchumba wake kuwa zawadi ya arusi. Mchumba akamkumbusha yule kijana tajiri katika Injili aliambiwa auze kiasi gani, nazo zikatoka zote. Walianza ndoa bila akiba.

Akiwa na miaka zaidi ya 50, mgonjwa wa pumu, madaktari wakimkataza, alielekea Kongo. Ilikuwa mwaka 1913. Alipitia Kenya hii, kwa reli ile ya kutoka pwani, akakata nyika ya Kapiti inayoonekana ukisimama Kitengela, akapita Konza, ambako tawi la reli la kuja kwetu Magadi kupitia Kajiado lingekamilika miaka miwili baadaye. Sijui alitazama upande gani wa dirisha. Najua tu kwamba mtu aliyeondoka Oval alipita mlangoni petu akielekea magharibi, akavuka Uganda, akavuka Ziwa Albert, akaingia msituni.

Na aliingia nchi ya namna gani? Nchi ya mikono iliyokatwa. Ilikuwa miaka mitano tu tangu Ubelgiji imnyang'anye mfalme Leopold wa Pili ile Kongo aliyoifanya shamba lake binafsi, ambamo wanakijiji walioshindwa kutimiza kilo za utomvu wa mpira waliuawa, na viganja vya watu vikahesabiwa na askari vikapuni. Mzungu alipoingia kijijini watu walikimbia, na walikuwa na haki ya kukimbia. Studd hakuwa na jeshi. Alijenga nyumba ya miti na nyasi, akalala kitanda cha kamba, akajifunza lugha za watu, akatafsiri Agano Jipya kwa Kingwana, hicho Kiswahili cha Kongo. Mwandishi wa lugha yetu, ndugu zangu, alikuwa mchezaji wa Oval.

Naye ana deni, sitalificha. Alimwacha mkewe mgonjwa Uingereza, wakaonana mara moja tu miaka ya mwisho, mwaka 1928, kwa siku chache, na mwaka uliofuata mama yule akafa. Alikuwa mkali mno kwa watumishi wenzake, hata halmashauri ya nyumbani ikafarakana naye. Bidii isiyo na huruma kwa walio karibu inaacha majeraha, na mtumishi asomaye haya amtazame mkewe leo jioni. Alifia Ibambi tarehe 16 Julai 1931.

Na hapa ndipo udaktari unapotokea tena, mtazame mkono wa Mungu. Mwaka 1953 alifika Ibambi daktari mwanamke, Helen Roseveare, msomi wa Cambridge kama Studd. Muda si mrefu akapelekwa Nebobongo, si mbali na pale, akaambiwa ajenge hospitali. Hapakuwa na matofali. Basi akajifunza kufyatua matofali na kuyachoma tanuri, yeye na mafundi wake, mpaka viganja vikachubuka. Siku nyingine aliitwa kutoka tanurini kwenda kupasua mgonjwa wa dharura, na ilimpasa kuisugua mikono ile mibichi kwa dawa kali. Alilia kwa uchungu mbele za Mungu, akauliza kama udaktari aliusomea ili awe mfyatua matofali. Mafundi wake Wakongo ndio waliomjibu baadaye. Walimwambia kwamba akiwa ndani ya koti jeupe wanamwogopa, lakini pale tanurini, mikono yake ikitoka damu kama yao, wanamwona ni mwenzao na wanayaamini maneno yake. Mwaka 1964 waasi wa Simba walimkamata, wakampiga, wakamdhalilisha vibaya. Aliokolewa mwisho wa mwaka ule. Mwaka 1966 alirudi Kongo. Alirudi! Akafundisha wauguzi Nyankunde mpaka mwaka 1973.

Nimewapeleka mbali. Shukeni nami sasa kutoka Kiserian, tupite Corner Baridi, Oltepesi, mpaka Olorgesailie, ambako mashoka ya mawe ya watu wa kale yamelala chini kwa mamia, kila moja limechongwa lienee kiganjani. Endelea kushuka hadi masikio yazibe na hewa iwe moto wa tanuri, hadi ziwa jeupe na jekundu litokee, na kiwanda, na nyumba za wafanyakazi. Tangu mwaka 1911 kampuni ya soda iko hapa; magadi yetu yamekwenda kutengeneza vioo na sabuni za dunia nzima kwa zaidi ya miaka 100. Hospitali ya pale mjini ilijengwa kwa sababu ya kiwanda. Lakini ondoka mjini, vuka ziwa, nenda Oloika, nenda Pakase, nenda manyatta za chini ya mlima. Mama akishikwa na uchungu usiku na mtoto amekaa vibaya, chombo ni pikipiki. Anakalishwa katikati, dereva mbele, shangazi nyuma akimshikilia, na barabara ni mawe.

Na macho ya bibi zetu! Mmemwona yeyo, yule mama mzee, anayebeba kikoleo kidogo cha kung'olea kope, amekifunga na shanga zake? Hilo si pambo. Ni trakoma, inayosambazwa na nzi na vidole na vitambaa. Inaacha makovu ndani ya ukope hadi kope zigeuke zielekee jichoni, na kila anapopepesa, kope zinakwaruza kioo cha jicho. Anazing'oa, zinaota tena, ngumu zaidi. Mwishowe ni giza. Upasuaji wa kuugeuza ukope ni mdogo, huchukua dakika chache, na muuguzi aliyefundishwa anaweza kuufanya chini ya mti. Tunachokosa ni mkono. Mkono mmoja uliotulia, wenye elimu, ulio tayari kulala Shompole.

Nisieleweke kwamba naomba madaktari wafe njaa kwa jina la wito. Mgomo wao wa siku 100, tangu Desemba 2016 hadi Machi 2017, ulitokana na mkataba uliotiwa saini kisha usitekelezwe. Mfanyakazi anastahili ujira wake. Hilo ni Neno. Grace alilipwa na parokia, na hakuwa mdogo kwa hilo. Anayeniuma moyo ni daktari mzaliwa wa huku, aliyesomeshwa kwa mbuzi wa harambee, aliyekula viapo mbele yetu tukampigia makofi, ambaye hajashuka Corner Baridi tangu alipohitimu. Mwanangu, sikuombi uhamie. Shuka wikendi moja kila baada ya miezi michache, na vifaa vyako. Mwaka 1957 madaktari watatu wapasuaji, Michael Wood na Archibald McIndoe na Tom Rees, waliona hatuwezi kufika kwao, wakaamua wao waruke waje kwetu, ndipo likazaliwa shirika la Amref. Wageni waliweza na ndege. Wewe huwezi na Probox?

Nanyi wazazi, niwageukie, maana kuna jambo la haraka. Serikali imebadilisha masomo. Mtoto wa Gredi ya 9 sasa anachagua njia ya sekondari ya juu: sayansi, teknolojia na hisabati, au sayansi ya jamii, au sanaa na michezo. Nimewasikia wazazi, na walimu pia, wakisema: huyu ana mbio, huyu anacheza, mpelekeni michezo, yule mpole wa daftari safi ndiye wa sayansi. Nawasihi kwa jina la Bwana, msimpasue mtoto vipande viwili. Msichana wako anayekimbia kutoka manyatta hadi shule asubuhi bila kuhema ana moyo na mapafu ya kustahimili zamu ya usiku wodini. Mvulana anayedaka jiwe hewani kwa mkono mmoja ana mkono wa kupasua jicho. Mwingine wito wake ni uwanja kweli, na aende na baraka. Tunamhitaji Tikolo mwingine. Lakini asipelekwe uwanjani kwa sababu tu shule yake haina kemia! Na asinyang'anywe mpira kwa sababu tu amepata alama nzuri. Grace alizishika njia zote mbili kwa miaka 11, na Croome akaishi.

Na usimtoe binti kwenye orodha hii. Aliyejenga Nebobongo alikuwa mwanamke. Ukimwoza akiwa na miaka 14 kwa ng'ombe kadhaa, huenda umemwoza yule ambaye angefungua macho ya mama yako.

Wenye watoto wa Gredi ya 9, hapa Magadi na kote Kajiado, msingoje barua. Nendeni shuleni wiki hii, wawili wawili, baba na mama, mkaketi na mwalimu mkuu. Muulizeni shule ambayo mtoto atachagua ina mwalimu wa biolojia na kemia, ina maabara yenye maji, na ina uwanja. Kimoja kikikosekana, andikeni kwenye karatasi ni kipi na gharama yake ni kiasi gani, mlete karatasi hiyo kanisani kwenu Jumapili, isomwe kabla ya sadaka. Na ninyi wazee wa kanisa mliokuwa mmepanga kununua spika mpya, sikilizeni ikisomwa.